Siti binti Saad: Sauti tunayoisoma bila kuisikia

Mwalimu wa kwaya wa Buhigwe hana haja ya kufafanua soprano ni nini. Akisema "sauti ya kwanza", akina mama na wasichana wa mstari wa mbele wanavuta pumzi na wimbo unaanza. Kutoka Manyovu mpakani mwa Burundi hadi Kasulu na Kibondo, Jumapili bila kwaya haipo, iwe kwa Wakatoliki, Waanglikana au Wapentekoste. Katika nyanda hizi za kahawa na migomba, mwanamke mwenye sauti ya juu iliyonyooka hujulikana kijiji kizima. Harusi ikipangwa, huulizwa mapema kama atakuwepo. Msiba ukitokea, yeye ndiye anayeanzisha, wengine wanapokea.

Watu wanaojua thamani ya sauti kiasi hicho walistahili kumfahamu kwa undani mwanamke aliyewatangulia wote, Siti binti Saad wa Unguja, mwanamke wa kwanza wa Afrika Mashariki ambaye sauti yake ilitiwa kwenye sahani ya santuri. Jina wanalijua. Shaaban Robert alimwandikia kitabu, Wasifu wa Siti Binti Saad, na vizazi vya wanafunzi wa Tanzania vimekisoma, baadhi kwa mapenzi na baadhi kwa ajili ya mtihani. Kinachokosekana ni jambo la msingi kabisa: kumsikia. Mwimbaji mkuu kuliko wote waliozaliwa pwani yetu tumemfanya somo la fasihi, tukamhifadhi kwenye kurasa, na sauti yenyewe tukawaachia watafiti na wakusanyaji wa santuri za kale.

Kumsikia ni haki ya watu wa magharibi mwa nchi hii zaidi ya wanavyodhani. Baba yake, Saad, alikuwa na asili ya Unyamwezi. Asili ya mama yake ni Uzigua. Wote wawili walitokana na watu wa Bara waliofikishwa Unguja na mfumo wa utumwa. Njia ya misafara iliyoipita nchi ya Wanyamwezi ndiyo ile iliyoanzia Ujiji, kwenye ufuko wa Ziwa Tanganyika, ikapita Uvinza penye chumvi, ikafika Tabora, kisha ikateremka mpaka Bagamoyo. Pembe za ndovu, chumvi, wapagazi na mateka walipita njia hiyo hiyo, chini kidogo tu ya milima ya Buha, nchi hii ya Buhigwe, Kasulu na Kibondo. Anayesoma habari za Siti kama hadithi ya kisiwa cha karafuu na jumba la mfalme anaikata hadithi hiyo mizizi.

Mwaka 1873 Sultani Barghash, kwa shinikizo la Waingereza, alilifunga soko la watumwa la Unguja. Kumiliki mtumwa, hata hivyo, kuliendelea kuwa halali visiwani hadi amri ya mwaka 1897. Siti alizaliwa kati ya tarehe hizo mbili, mnamo 1880, katika kijiji cha Fumba kusini mwa mji. Wazazi wake walimwita Mtumwa. Jina la Siti, ambalo ni jina la bibi mwenye heshima, alikuja kuitwa ukubwani huko mjini, baada ya sauti yake kumpatia hadhi ambayo kuzaliwa kwake hakukumpatia.

Fumba ilikuwa nchi ya wakulima, wavuvi na wafinyanzi. Mama yake alifinyanga vyungu, na binti akavitembeza kuviuza, kijiji kwa kijiji hadi mjini, kwa miguu. Wanaosimulia maisha yake wanakubaliana kwamba sauti ilianza kujulikana hapo, kwenye kunadi vyungu. Mnunuzi alimsikia kabla hajamwona.

Inafaa kukaa kidogo kwenye picha hiyo ya kazi, maana shule ya kwanza ya Siti ilikuwa pale. Mzigo wa vyungu hauna msamaha. Kuni zikianguka zinaokotwa. Chungu kikianguka, kazi ya siku nyingi imekwisha. Anayevibeba kichwani hutembea shingo imesimama, mabega yametulia, kifua kimefunguka, na pumzi anaipima ili imfikishe mwisho wa mteremko. Mama yeyote aliyewahi kupanda kutoka bondeni kuelekea soko la Manyovu akiwa na ndoo au mkungu wa ndizi kichwani anaujua mkao huo bila kufundishwa. Sasa mtu huyo huyo, katika mkao huo huo, lazima aite kwa sauti itakayovuka shamba na kuingia ndani ya nyumba. Walimu wa uimbaji wa Ulaya hutumia miaka wakiwafundisha wanafunzi wao kusimama hivyo na kupumua hivyo. Siti aliyapata barabarani, jua likiwa utosini.

Mwaka 1911 alihamia mjini. Alikuwa mwanamke wa miaka thelathini hivi, aliyekwisha kuolewa na kuzaa, hajui kusoma wala kuandika, na hana ukoo wa kumshika mkono. Makazi yake yakawa Ng'ambo, upande wa pili wa hori lililoutenga Mji Mkongwe wa mawe na mitaa ya udongo na makuti. Ng'ambo ndiko walikojaa watu waliotoka utumwani na watoto wao: wachukuzi, mafundi, wauza maandazi, wafuaji nguo.

Muziki wa heshima wakati ule ulikuwa taarab, na taarab ilikuwa ya wanaume na ya Kiarabu. Inasimuliwa kwamba Sultani Barghash, aliyetawala kuanzia 1870 hadi 1888, ndiye aliyeuleta muziki huo kutoka Misri ili umburudishe jumbani. Mwaka 1905 waungwana wa mjini wakaunda chama chao, Nadi Ikhwan Safaa, ambacho kipo hadi leo. Udi, fidla, ganuni, nai: vyombo vya watu wenye nafasi, maneno ya lugha ya watu wenye nafasi. Mwanamke wa Fumba aliyekuja na vyungu hakuwa na mlango wa kuingilia.

Mlango ulifunguliwa na mtu mmoja wa chama hicho aliyemsikia akiimba, akaona kilichomo. Akamfundisha nyimbo za Kiarabu, matamshi yake, na namna ya kuifuata milio ya udi. Siti alijifunza yote kwa sikio. Hakuwa na karatasi ya kurejea. Wimbo ulioingia kichwani ulipaswa kukaa humo na maneno yake, mapindo yake na mahali pake pa kuvuta pumzi. Wanakwaya wetu wengi wa vijijini, wanaojifunza wimbo kwa kukaririshwa mstari baada ya mstari mpaka kila sauti ishike njia yake, wanaijua kazi hiyo ilivyo nzito. Tofauti ni kwamba Siti alikaririshwa katika lugha ambayo hakuzaliwa nayo, na alipaswa kuimba mbele ya watu wanaoijua lugha hiyo vizuri na walio tayari kucheka kosa.

Akafanya vizuri mpaka akaitwa jumbani kumwimbia Sultani wa wakati huo. Kwa waandishi wengi hapo ndipo kilele. Lakini kumwimbia mfalme lilikuwa jambo dogo ukilinganisha na alichokifanya baadaye Ng'ambo, ndani ya nyumba yake mwenyewe.

Huko alikusanya kundi la wanamuziki: Subeit bin Ambar, Buda bin Swedi, Mbaruk Effandi Talsam, Maalim Shaaban. Usiku walikutana kwake, majirani wakaingia, habari za siku hiyo zikamwagwa ukumbini. Nani kahukumiwa nini, tajiri gani kamdhulumu maskini gani, mume gani kampiga mke. Mazungumzo yakageuka mashairi, mashairi yakapewa sauti, na kabla ya juma kwisha mji mzima ulikuwa ukiimba. Siti aliitoa taarab kwenye Kiarabu akaiimba kwa Kiswahili, tena Kiswahili cha Ng'ambo chenye mafumbo na makali yake. Watu waliokuwa wakisimama nje ya madirisha ya wakubwa kusikiliza wasichokielewa sasa waliketi ndani, wakasikia mambo yao wenyewe.

Hilo ndilo tendo kubwa la maisha yake. Mwimbaji mwenye kipaji angeweza kuridhika na tuzo za jumbani. Yeye aliichukua elimu aliyoipata kwa wakubwa akaipeleka alikotoka.

Mwezi Machi 1928 Siti na wenzake walipanda meli kuelekea Bombay. Safari hiyo ilitokana na hesabu za biashara. Kampuni ya santuri ya His Master's Voice ilitaka kuuza gramafoni Afrika Mashariki, na mashine haiuziki bila nyimbo ambazo wanunuzi wanazitaka. Hadi wakati huo maduka ya pwani yaliuza sahani za Kiarabu na za Kihindi. Wakala wa kampuni hiyo huko Unguja aliwajua watu wa mji wake, na alijua kuwa mtaani hapakuwa na sauti iliyopendwa kuliko ya Siti.

Bombay walikuta chumba cha kurekodia na mashine mpya. Miaka michache tu nyuma, mwimbaji aliimba akiwa ameelekeza kinywa kwenye pembe kubwa ya bati, na sauti nyembamba au ya upole ilipotea. Kuanzia 1925 kampuni kubwa zilianza kutumia maikrofoni ya umeme. Siti alifika mashine hiyo ikiwa bado changa, na hiyo ni bahati yetu sisi tunaotaka kumsikia karibu karne moja baadaye: udi unasikika, fidla inasikika, na juu yake sauti ya mwanamke, ya juu, kavu kidogo, isiyotetemeka ovyo, inayokata katikati ya vyombo bila kuvipigia kelele.

Taabu ilikuwa muda. Sahani ya wakati ule, iliyotengenezwa kwa utomvu wa wadudu wa mitini wanaofugwa India, ilizunguka mara 78 kwa dakika, na upande mmoja ulichukua dakika tatu hivi. Taarab haikuzaliwa kwa ajili ya dakika tatu. Nyumbani Ng'ambo wimbo mmoja ungeweza kuchukua sehemu nzuri ya usiku, waitikiaji wakirudia, watu wakisimama kutunza, mwimbaji akirudi kwenye ubeti uliowagusa. Bombay walilazimika kukata, kuanza bila kujivuta na kumaliza kabla sindano haijafika katikati ya sahani. Wimbo mrefu uligawanywa pande mbili. Kosa likitokea, hapakuwa na kufuta. Walianza upya kwenye nta nyingine. Wanamuziki wa leo wanaorekodi sauti vipande vipande kwenye kompyuta, na kurudia neno moja mara ishirini, wangefanya vyema kulifikiria hilo.

Wapenzi wa opera Ulaya wanaukumbuka muongo huo huo kwa majina yao. Maria Nemeth, soprano wa Hungaria, alikuwa akitamba katika jukwaa la opera la Vienna, akiimba nafasi nzito kama Turandot wa Puccini, sauti peke yake juu ya okestra nzima, bila kipaza sauti. Tofauti za dunia hizo mbili hazihitaji kuorodheshwa: nyuma ya Nemeth kulikuwa na walimu, majumba, makondakta na nota zilizoandikwa. Lakini ukiyaweka kando mavazi na mapazia, kazi ni ile ile. Mwanamke amesimama, vyombo vinalia, na sauti lazima ifike kwa mtu wa mwisho ukumbini kwa nguvu ya pumzi na ufundi. Siti hakuwa na kipaza sauti cha ukumbini maishani mwake karibu mote. Kumpa nafasi kando ya maprimadona wa zama zake hakuhitaji upendeleo.

Sahani zilipofika pwani ziliuzwa kwa maelfu. Kampuni ikawaita tena, na wapinzani wake Odeon na Columbia wakakimbilia kurekodi nyimbo za Kiswahili kabla mdororo wa uchumi wa dunia haujabana biashara miaka ya 1930. Zilichezwa madukani, mikahawani, vibarazani, na nyumba yenye gramafoni iligeuka baraza la mtaa. Toka hapo hapakuwa na haja ya kuwa Unguja ili umsikie Siti. Mombasa, Tanga, Dar es Salaam na miji ya reli ilimsikia.

Hapa ndipo watu wa Buha wanapoingia tena. Reli ya Kati ilifika Kigoma mwaka 1914, na miongo iliyofuata ikawabeba vijana wa Kasulu, Kibondo na milima ambayo leo ni Wilaya ya Buhigwe kwenda kuwa manamba katika mashamba ya mkonge. Waliteremka Kigoma kwa miguu, wakapanda treni siku kadhaa hadi Morogoro, na waliopangiwa Tanga wakaendelea kwa malori na kwa kutembea, maana Reli ya Kati na reli ya Tanga hazikuwa zimeunganishwa. Wengi wao Kiswahili walichokizungumza nyumbani kilikuwa kidogo. Kiha ndicho kilichokuwa lugha ya kila siku. Mkonge ndio uliowafundisha Kiswahili, kambini, dukani, kwenye magenge ya chai ya Korogwe na Muheza, na katika miji hiyo ya Tanga santuri za Kiswahili zilikuwa zikizungushwa. Historia ya muziki wa nchi hii imewaandika wanamuziki, ikawaandika pia wafanyabiashara wa Kihindi waliouza mashine. Manamba aliyesimama nje ya duka na mshahara wa mwezi mfukoni akisikiliza bado hajaandikwa, na yeye ni sehemu ya wasikilizaji walioifanya lugha ya nyimbo hizo kuwa lugha ya taifa.

Alisikia nini? Alisikia, kwa mfano, kisa cha Kijiti. Kisa hicho ni cha kweli. Mwanamke kutoka Dar es Salaam alikwenda Unguja kuwatembelea rafiki zake. Wakatoka kwenda ngomani na mwanamume aitwaye Kijiti, na usiku huo mgeni akauawa. Kijiti akavuka bahari akakimbilia Bara. Waliosimama mbele ya hakimu wakawa wanawake wenyeji waliompokea mgeni, na adhabu ikawaangukia wao. Siti na wenzake waliuimba mkasa huo kwa ukali ambao magazeti ya wakati ule yasingethubutu, wakamtaja mhalifu kwa jina lake ili kila mtu amjue popote atakapojificha. Santuri ikafanya kazi ambayo polisi hawakuifanya: ilimfuata Bara.

Kuna waandishi wanaoziita nyimbo za Siti burudani yenye mafunzo. Ni maelezo mepesi mno. Mwanamke aliyezaliwa na kuitwa Mtumwa, katika mji ambao sheria ilikuwa mikononi mwa Waingereza na waungwana wachache, alisimama akasema hadharani kwamba mahakama imewaumiza wasio na kosa. Alisema hivyo kwa mashairi mazuri na kwa sauti nzuri, na uzuri huo ndio uliofanya maneno yasizuilike. Ukiyatenga maneno na sauti, kama tunavyofanya darasani tunapomsoma, unabaki na nusu ya ujasiri wake.

Maadui hakuwakosa. Waliomwonea wivu walimtungia nyimbo za kejeli: katoka shamba, hana sura, hana asili. Kejeli ya wimbo katika pwani yetu hujibiwa kwa wimbo, na Siti alijibu. Jibu lake, kwa maana yake, lilikuwa kwamba sura na ukoo ni vitu vya kupewa, akili ndiyo ya kuhesabiwa. Wimbo huo unajulikana hadi leo, ilhali walioanzisha ugomvi hakuna anayewakumbuka. Inafurahisha kukumbuka kwamba katika miaka ya mwisho ya Siti, huku kwetu Heru, Kasulu, kiti cha Mwami kilikaliwa na mwanamke, Theresa Ntare, kuanzia 1946. Wanawake hao wawili hawakukutana. Lakini msichana wa Buha aliyekuwa akikua wakati ule alikuwa na mifano miwili iliyo hai ya mwanamke anayesikilizwa, mmoja kwa urithi na mmoja kwa jasho.

Siti alizeeka bila utajiri unaolingana na jina lake. Sahani ziliuzwa na makampuni. Mwimbaji hakuuza sahani, aliuza sauti yake mara moja. Shaaban Robert alionana naye mwishoni mwa maisha yake, akamsikiliza, na kutokana na mazungumzo hayo akaandika wasifu ambao ni miongoni mwa tawasifu na wasifu za mwanzo za Kiswahili cha kisasa. Wote wawili walikuwa watu waliojifungulia njia wenyewe. Bila kalamu ya Shaaban tungejua machache sana juu ya utoto wa Fumba.

Alifariki tarehe 8 Julai 1950. Mwaka uliofuata kituo cha redio cha Dar es Salaam kilianza kutangaza kwa Kiswahili, na nyimbo zikaanza kusafiri hewani hadi kwenye nyumba zisizo na gramafoni. Mwaka mmoja tu. Mwanamke aliyewatayarishia watu wa pwani na Bara masikio ya kusikiliza nyimbo za Kiswahili hakuishi kukisikia chombo ambacho kingemfikisha Kibondo bila sahani wala sindano.

Warithi wake hawakukaa kimya. Fatuma binti Baraka, tunayemjua kama Bi Kidude, alijifunza nyimbo za Siti tangu usichana wake, akazibeba hadi kwenye majukwaa ya dunia. Mwaka 2005 alipewa tuzo ya WOMEX, na aliimba hadi karibu na kifo chake Aprili 2013. Waandishi wanawake walipoanzisha chama chao, TAMWA, mwaka 1987, jarida lao waliliita Sauti ya Siti. Chuo cha muziki cha Dhow Countries, kilichofunguliwa Unguja mwaka 2002, kinawafundisha vijana udi, ganuni na uimbaji wa taarab, wasichana kwa wavulana. Na mwaka 2020 kitukuu cha Siti, Siti Muharam, alitoa albamu ya nyimbo za bibi yake mkuu, zikiwa zimepangwa upya kwa vyombo vya leo pamoja na vya zamani. Anayetaka kusikia kwamba sauti inaweza kupita kwenye damu aanze na albamu hiyo, kisha arudi kwenye rekodi za 1928.

Kigoma yenyewe haina upungufu wa waimbaji. Mkoa huu umetoa, au umewazalia wazazi, baadhi ya majina makubwa ya bongo fleva, na mwaka 2012 wasanii wenye asili ya huku walikusanyika kama Kigoma All Stars wakatoa Leka Dutigite, wimbo ulioifanya nchi nzima itamke Kiha kwa furaha. Wengi waliovuma kati yao ni wanaume. Sauti za wanawake wa mkoa huu zimebaki kanisani, harusini na misibani, zikiwa imara na zenye mafunzo ya miaka, bila mtu wa kuzirekodi kwa uangalifu. Hali hiyo inafanana mno na hali ya Fumba kabla ya 1911, na haitabadilika kwa kusubiri mtu apite barabarani asikie.

Yapo mambo yanayoweza kufanyika sasa, tena kwa gharama ndogo. Rekodi kadhaa za Siti zimetolewa upya kwenye CD na zinapatikana kwenye intaneti. Simu ya mwalimu na spika ndogo ya kwaya vinatosha. Mwalimu wa Kiswahili anayefundisha wasifu wake anaweza kutenga dakika tatu, urefu wa upande mmoja wa sahani, wanafunzi wasikie kabla hawajasoma ukurasa wa kwanza. Mwalimu wa kwaya anaweza kumchezesha mbele ya sauti ya kwanza yake, awaulize wasikilize anapovuta pumzi, namna anavyolitamka kila neno likafika, na namna anavyouacha udi umalize kauli yake kabla hajaingia. Si lazima waige taarab. Waimbaji wa Muyama au Munanila wana namna yao, wana ngoma kubwa zinazofanana na za Burundi ng'ambo ya mpaka, wana nyimbo za Kiha za kulea na kulima ambazo hazijapata mashine ya kuzinasa. Wakishamsikia Siti, wazee wanaozijua nyimbo hizo bado wapo vijijini, na simu hiyo hiyo iliyomchezesha inaweza kuwarekodi.